Kiswahili Juu ya Mdundo wa Kuazima

Kuandika maneno mapya juu ya mdundo ambao tayari una maneno yake ni kazi inayodharauliwa upesi, kwa sababu msikilizaji anayeujua wimbo wa kwanza hudhani kwamba sehemu kubwa ya jasho ilikwisha kumtoka mtu mwingine, na kwamba aliyekuja baadaye amevuna asichopanda. Dhana hiyo haina mashiko, na mfano wa kuivunja umo katika historia ya muziki wa Tanzania. Mwaka 1991 Saleh Jabri, aliyejulikana pia kwa jina la Saleh J, aliuchukua wimbo wa Kimarekani uliokuwa ukitikisa madisko ya dunia, Ice Ice Baby, akauandikia maneno ya Kiswahili na kuughani. Kughani, kwa maana inayotumika hapa, ni kutamka maneno kwa kufuata mapigo bila kuyapandisha na kuyashusha kwa lahani kama afanyavyo mwimbaji. Vijana wa wakati ule walisema kurapu, wazee wakasema huo ni muziki wa kufokafoka, na vijana wa leo husema kuchana. Zaidi ya miaka 30 imepita, na bado ni vigumu kumpata mtu anayesimulia chimbuko la Bongo Fleva, yaani muziki wa kizazi kipya wa Tanzania, bila kuupitia wimbo huo.

Kinachostahili kusifiwa hapo ni ufundi wa kuifanya lugha ikae juu ya mapigo ambayo hayakutengenezwa kwa ajili yake. Ufundi huo unaonekana vizuri zaidi ukitazamwa kutoka Tabora kuliko ukitazamwa kutoka Dar es Salaam, ingawa studio, madisko na magazeti vilikuwa Dar es Salaam. Mji wa Tabora, uliokuwa fundo la njia ya misafara kati ya Bagamoyo na Ujiji, umekuwa ukifanya kazi ya aina hiyo tangu karne ya 19: kuipokea ngoma ya mgeni, kuitia maneno ya wenyeji, na kuiruhusu iendelee na safari ikiwa imebadilika.

Wimbo wenyewe wa Kimarekani haukuzaliwa bila deni. Robert Van Winkle, kijana aliyejiita Vanilla Ice, aliutoa mwaka 1990, na mwanzoni uliwekwa upande wa pili wa santuri, mahali panapowekwa nyimbo zisizotegemewa. Ni redio zilizoigeuza santuri na kuupa bahati yake. Novemba mwaka huohuo ukawa wimbo wa kwanza wa rapu kushika nafasi ya kwanza katika orodha kuu ya nyimbo ya jarida la Billboard. Mlio wake wa besi, yaani ule uzi mzito wa gitaa unaotembea chini ya maneno, ulichukuliwa kutoka Under Pressure, wimbo wa kundi la Queen na David Bowie wa mwaka 1981, na baada ya mvutano wa haki wenye wimbo huo wakatiwa katika orodha ya watunzi. Hata kiitikio chake kilitokana na ukelele wa Alpha Phi Alpha, chama cha wanafunzi Weusi kilichoanzishwa mwaka 1906 katika Chuo Kikuu cha Cornell. Kwa hiyo Saleh Jabri alipouazima wimbo huo, aliazima kitu ambacho kilikuwa kimekwisha kuazimwa, na anayemlaumu kwa hilo hana budi kuanza lawama zake mbali zaidi.

Jambo la ajabu ni jinsi wimbo mmoja ulivyopata hatima mbili. Huko Marekani, baada ya msimu wa utajiri, wimbo ukageuka kichekesho: wajuzi wa hip hop walimwona Vanilla Ice kuwa Mzungu aliyejipamba kwa manyoya ya wengine, sifa alizojipa kuhusu maisha yake zikatiliwa shaka, na leo wimbo hupigwa harusini na katika sherehe za kukumbuka ujana huku watu wakicheza na kucheka kwa pamoja. Nchini Tanzania toleo la Kiswahili lilipata heshima ya jiwe la msingi. Wimbo ambao kwao ulihesabika kuwa mwizi wa hip hop, ugenini ukawa mmoja wa walioifungulia mlango, na sababu ya tofauti hiyo haiwezi kutafutwa kwenye mdundo, kwa kuwa mdundo ulikuwa uleule. Imo katika maneno, na hasa katika kazi ya kuyapanga.

Ili kazi hiyo ieleweke, inafaa kuanza na vipimo vya mdundo wenyewe. Ice Ice Baby hutembea kwa takribani mapigo 116 kwa dakika, na mapigo hayo hufungwa manne manne. Kila fungu la mapigo manne, ambalo wanamuziki huliita baa, huchukua sekunde mbili na punje kidogo. Kila pigo likigawanywa mara nne, baa moja huwa na vijumba 16 ambamo mghani anaweza kuweka silabi zake. Besi yenyewe ni nyepesi mno: hugongagonga sauti mbili tu, ikang'ang'ania ya kwanza na kuiangukia ya pili, kisha ikanyamaza kidogo kabla ya kuanza tena. Wepesi huo ndio ulioufanya mdundo ufae kuazimwa, kwa sababu umeacha nafasi wazi. Mdundo uliojaa vinanda na tarumbeta hauna pa kumkaribisha mgeni.

Vijumba 16 katika baa moja ni idadi ambayo mpenzi wa ushairi wa Kiswahili hawezi kuipita bila kusimama. Shairi la kawaida la bahari ya tarbia, yaani lenye beti za mishororo minne, huwa na mizani 16 katika kila mshororo: nane katika kipande cha kwanza kiitwacho ukwapi na nane katika kipande cha pili kiitwacho utao. Mizani ni silabi, na kwa hiyo mshororo mmoja wa shairi la kale unaingia katika baa moja ya muziki wa disko la mwaka 1990 pasipo kubaki hata kijumba kimoja. Sadfa hii isitiwe chumvi, kwa kuwa hakuna kifua kinachoweza kutamka silabi 16 kila baada ya sekunde mbili kwa wimbo mzima, na mghani mwenye akili hutumia silabi 10 au 12, akaviacha vijumba vingine kwa ajili ya pumzi na kwa ajili ya ngoma nayo isikike. Hata hivyo mtu aliyelelewa na mashairi ya redioni na ya magazetini huwa amebeba kipimo hicho masikioni, na akikutana na baa ya mapigo manne hakutani na kitu kigeni kabisa.

Ugumu unaanzia kwenye mkazo. Katika Kiswahili mkazo wa neno hukaa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho: katika neno safari uzito wote uko kwenye -fa-, na ile -ri ya mwisho hutoka nyepesi kama mkia. Kiingereza kina maneno mengi ya silabi moja yenye uzito, na mghani wa Kimarekani huyapigilia maneno hayo juu ya pigo la nne na kunyamaza. Anayetafsiri neno kwa neno akamalizia mstari wake kwenye pigo hilohilo atakuta mkia wa neno umemwagika nje, mahali ambapo ngoma ndogo yenye mlio mkali ilikuwa imetengewa ukimya. Fundi wa Kiswahili hana budi kuuanza mstari wake mapema kidogo, au kupunguza silabi katikati, ili silabi nzito ikae juu ya pigo na nyepesi idondoke kwenye ukimya kwa makusudi. Marekebisho hayo ni madogo kwa macho ya anayesoma, lakini kwa mchezaji aliye katikati ya ukumbi ndiyo tofauti ya mguu unaojua pa kutua na mguu unaoyumba.

Urefu wa maneno nao ni mtihani. Kitenzi kimoja cha Kiswahili hubeba mtenda, wakati, mtendwa na tendo kwa pamoja, na neno kama nitakupigia lina silabi sita lakini mkazo mmoja tu. Likiachwa lilivyo litapita juu ya mapigo bila kuyagusa. Mghani hodari huliongezea mikazo midogo kwa kuruka silabi moja moja kuanzia nyuma, akaipa nguvu -gi-, kisha -ku-, kisha ni- ya mwanzo, na neno lililokuwa limelala likaanza kutembea kwa hatua tatu. Pale linapokuwa refu kupita kiasi hulikata kwa njia ambazo mazungumzo ya kila siku yamekwisha kuzikubali: ninakwenda huwa nakwenda, nimekwisha kufika huwa nimeshafika. Asiyejua kukata vizuri husikika kama anayekimbizana na treni.

Halafu kuna vina. Kina ni silabi ya mwisho inayofanana katika mishororo, na kwa sheria za ushairi wa Kiswahili inatosha silabi hiyo moja ifanane: habari na safiri huhesabiwa kuwa na kina cha -ri na hakuna hakimu atakayelalamika. Juu ya mdundo wa disko sheria hiyo haitoshi. Sikio hushikwa na silabi iliyokaa juu ya pigo, nayo ni ile yenye mkazo, na kwa hiyo -ba- ya habari ikigongana na -fi- ya safiri mchezaji husikia kwamba kuna kitu hakikufungana, hata kama hajui ni nini. Mghani hulazimika kufananisha silabi mbili badala ya moja, na hapo hukutana na mtego wa pili, kwamba Kiswahili hutoa vina vya namna hiyo bure. Njiani, shambani, nyumbani na kichwani hufanana kwa sababu ya kiambishi kilekile, na mstari unaoishia kwa vina vya bure humchosha msikilizaji baada ya beti mbili. Ufundi uko katika kufunganisha maneno ya matabaka tofauti ya sarufi, kwa mfano jina la mji, kivumishi na kitenzi: Tabora, bora, kuchora. Anayefika hapo amekwisha kuvuka tafsiri na ameingia katika utunzi.

Inapendeza kukumbuka kwamba mtu aliyeziweka sheria za ushairi katika kitabu kilichofundisha vizazi alitoka katika njia hiihii ya misafara. Sheikh Kaluta Amri Abedi alizaliwa Ujiji mwaka 1924, akasoma Tabora, na mwaka 1954 kikatoka kitabu chake, Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri. Baadaye alikuwa Mwafrika wa kwanza kuwa Meya wa Dar es Salaam na Waziri wa Sheria kabla ya kufariki mwaka 1964, na uwanja wa michezo wa Arusha ukapewa jina lake. Wengi hudhani kwamba kipimo cha Kiswahili kizuri hutoka pwani tu, Mombasa, Lamu au Unguja. Mtoto wa ukingo wa Ziwa Tanganyika, aliyesoma katika mji wa Wanyamwezi, ndiye aliyewaandikia Waswahili sheria za mashairi yao, na jambo hilo linaeleza mengi kuhusu lugha iliyosafiri na mizigo.

Safari hiyo ya lugha ilikuwa ya miguu. Wapagazi wa Kinyamwezi walibeba mizigo ya pembe kwenda pwani na ya nguo, shanga na nyaya kurudi bara, na mzigo wa kawaida ulikaribia frasila mbili, yaani zaidi ya kilo 30. Richard Burton na John Speke walipofika Kazeh, mtaa wa wafanyabiashara ulioungana na vitongoji vingine vya Unyanyembe kuwa mji wa Tabora, mnamo Novemba 1857, waliukuta mji wenye Waarabu, Waswahili na Wanyamwezi walioelewana kwa lugha ya pwani. Mbele ya msafara alitembea kirangozi, kiongozi aliyejua njia, visima na vijiji, na ambaye mara nyingi aliuanzisha wimbo ili wenye mizigo waitikie kwa mpigo wa hatua zao. Maneno ya nyimbo hizo yalibuniwa papo hapo: chakula kilichokosekana, tajiri bahili, kijiji kilichowakaribisha vizuri. Mtu anayeghani mistari ya matukio ya siku juu ya mpigo usiobadilika, huku kundi likimjibu, si mgeni katika nchi hii, na hakuna haja ya kwenda Bronx, mjini New York, kumtafuta babu yake pekee. (Bronx ina haki yake, hip hop ilizaliwa huko katika miaka ya 1970, na asiyekubali hilo anajidanganya.)

Katika njia hiyohiyo ulikuwapo utani, yaani ruhusa ya kutaniana na hata kutukanana kati ya makabila bila mtu kukasirika, na utani maarufu wa Wanyamwezi na Wazaramo au Wagogo mara nyingi huhusishwa na miaka ya misafara. Kaskazini ya Tabora, kwa Wasukuma ambao ni ndugu wa Wanyamwezi, vyama viwili vya ngoma, Bagika na Bagalu, vimeshindana kwa vizazi katika msimu wa baada ya mavuno. Kila upande huimba, hucheza na kumkejeli mwenzake, na ushindi huamuliwa na wingi wa watu waliouacha upande wa pili na kukimbilia huku. Mashindano ya rapu yaliyoanza Dar es Salaam mwanzoni mwa miaka ya 1990, kama yale ya Yo Rap Bonanza, ambayo washiriki wake wengi walighani kwa Kiingereza, yaliletwa na kaseti na filamu za Marekani, lakini hadhira iliyoyapokea ilikuwa imekwisha kufundishwa na wazee wake namna ya kumhukumu mwenye maneno.

Mfano wa karibu zaidi na kuazima mdundo ni beni. Ngoma hiyo ilianzia pwani ya Kenya mwishoni mwa karne ya 19 kwa kuiga bendi za kijeshi za Wazungu, pamoja na sare, vyeo na gwaride, ikasambazwa bara na askari, wapagazi wa vita, makarani na watumishi, hasa wakati wa Vita Kuu ya Kwanza na baada yake. Vyama vyake viwili vikuu katika Tanganyika, Marini na Arinoti, vilipata wafuasi hadi katika miji ya njia ya kati, Tabora ikiwemo. Maofisa wa kikoloni wengine waliicheka kwa kuiona ni uigaji wa watu wasioelewa wanachokiiga, na wengine waliiogopa kwa kuiona ni jeshi la siri. Wote wawili walikosea kwa namna moja, kwa kuwa walitazama sare wasisikilize maneno. Ndani ya mdundo wa gwaride la mkoloni watu walikuwa wakiimba habari zao, wakisaidiana katika misiba na kuwakejeli wapinzani wao kwa Kiswahili.

Baada ya beni likaja dansi. Reli ya kati ilifika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914, na tawi la Mwanza likakamilika mwaka 1928, kiasi kwamba mji uliokuwa njiapanda ya miguu ukawa njiapanda ya treni. Santuri za rumba ya Kuba, zilizosikilizwa Afrika ya Mashariki na Kongo kwa pamoja, ziliwapa vijana wa mji huo mdundo mwingine wa kuazima. Miaka ya 1950 Salim Zahoro na kundi la Kiko Kids walipiga dansi la Tabora lenye mandolini, na baada yao zikaja Nyanyembe Jazz na Tabora Jazz, bendi ya mtindo wa Segere Matata, ambayo wimbo wake Dada Asha, uliotungwa na Shem Karenga, bado unatambulika kwa mlio wa gitaa la kwanza tu. Nani leo humwambia mzee anayeucheza wimbo huo kwamba anacheza mali ya Kuba? Deni limekwisha kulipwa, na lililipwa kwa maneno.

Saleh Jabri aliingia katika mstari huo mrefu, lakini kwa hali ngumu zaidi. Mwaka 1991 Tanzania Bara haikuwa na kituo cha televisheni, na redio ilikuwa moja, Redio Tanzania Dar es Salaam, iliyolea dansi, taarabu, ngoma na kwaya na ambayo haikuwa na pupa ya kuwapa nafasi vijana wa kufokafoka. Sheria ya Huduma za Utangazaji ya mwaka 1993 ndiyo iliyofungua njia kwa vituo binafsi. Radio One ikaanza mwaka 1994, na ni mtangazaji wake Mike Mhagama anayetajwa na wengi kuwa aliyeanza kutumia jina la Bongo Fleva hewani mwaka 1996. Kabla ya hapo chombo kilikuwa kaseti, iliyonakiliwa kutoka deki hadi deki, ikasafiri kwa basi na kwa treni ya kati, zaidi ya kilomita 800 kutoka Dar es Salaam hadi Tabora, na kuendelea hadi Kigoma au Mwanza. Katika kila stesheni wimbo wa Kiingereza ulihitaji kijana aliyesoma ili aueleze, nao kwa kawaida ulibaki mali ya wachache waliojidai kuuelewa. Wimbo wa Kiswahili ulishuka ukiwa umekwisha kueleweka, kwa sababu wapagazi walikuwa wameitangulia kaseti kwa zaidi ya miaka 100.

Ubishi wa haki hauwezi kukwepwa. Nakala za kaseti ziliuzwa bila mtunzi kupata chochote, Marekani wala Tanzania, na Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ilipitishwa mwaka 1999 tu, wakati mazoea yalikuwa yamekwisha kuota mizizi. Mtu anaweza kusema kwa haki kwamba sifa za ufundi hazifuti deni la fedha. Ni kweli, hazifuti. Lakini deni la fedha na deni la sanaa si kitu kimoja, na waliobaki na la pili ni wale waliorudia mdundo wa mwenzao pamoja na mawazo yake yote, wakibadilisha lafudhi tu. Vijana wa Kitanzania walioghani Kiingereza cha New York mwaka 1991 walikuwa waaminifu zaidi kwa wimbo wa asili kuliko Saleh Jabri, na hakuna anayewakumbuka kwa uaminifu huo.

Mbegu hiyo iliota katika udongo mbalimbali. Kwanza Unit, kundi lililoundwa mwaka 1993, lilichanganya lugha mbili likitafuta njia. Joseph Mbilinyi, Mr. II au Sugu, aliendelea kwa Kiswahili peke yake, na wimbo wake Chini ya Miaka 18 wa mwaka 1998 uliwathibitishia wauzaji wa kaseti kwamba rapu ya Kiswahili inaweza kununuliwa na watu wa rika zote. Joseph Haule, Profesa Jay, katika wimbo Ndio Mzee wa mwaka 2001, alijenga hotuba ya mwanasiasa mwenye ahadi zisizo na mwisho huku umati ukimwitikia kwa kukubali kila neno. Hapo kirangozi na wapagazi wake wamerudi, isipokuwa sasa anayeongoza anawapeleka watu kusikojulikana, na kejeli imo katika utii wa waitikiaji. Wote wawili baadaye walichaguliwa kuwa wabunge. Mwaka 2012, kule mwisho wa njia ya misafara, wasanii wenye asili ya Kigoma, Diamond Platnumz akiwemo, walitoa kwa pamoja Leka Dutigite, wimbo wenye jina la Kiha, kuonyesha kwamba lugha ya pwani ikishakaa vizuri juu ya mdundo huziachia na lugha za bara nafasi.

Kwa nini wimbo wa mwaka 1991 bado una wapenzi? Jibu la haraka ni kumbukumbu za ujana, na jibu hilo lina ukweli wake, ila haliwezi kueleza kwa nini watu waliozaliwa baada ya mwaka 2000 wanautafuta na kuujadili. Wanachokitafuta ni wakati ule adimu ambapo kitu kinafanyika kwa mara ya kwanza na bado hakijajua jina lake. Ukisikilizwa leo toleo la Kiswahili lina ugumu wa mwanzo: mapigo ya Kimarekani bado yana amri juu ya ulimi kuliko ilivyo kwa Mr. II miaka saba baadaye, na yeyote anayelilinganisha na kazi ya mwaka 1998 atakiri kwamba mwanafunzi alimpita mwalimu. Lakini aliyetangulia alijibu swali ambalo wengine hawakuthubutu kuliuliza hadharani, yaani kama Kiswahili kinafaa ukumbi wa disko, na baada ya jibu lake swali hilo halikurudi tena.

Hatari iliyobaki sasa ni ya vitu. Utepe wa kaseti ni plastiki iliyopakwa unga wa oksidi ya chuma kwa gundi, na gundi hiyo hulegea kwa joto na unyevu. Kaseti iliyokaa miaka 30 ndani ya kabati la bati huko Tabora, Urambo, Kaliua au Ujiji inapoteza sauti yake kila msimu. Nyingi kati ya hizo zilinakiliwa nyumbani na hazimo katika maktaba ya redio yoyote, nazo pamoja na rapu zina dansi la Tabora Jazz na ngoma za harusi ambazo hazikurekodiwa kwingine. Msomaji mwenye kaseti za namna hiyo asizitupe wala asirekodi kitu kingine juu yake. Azihifadhi mahali pakavu, aandike kwenye kasha jina la mghani au bendi, mahali na mwaka, na akipata mtu mwenye deki nzima na kompyuta, azihamishe sauti hizo mapema, kisha nakala moja aipeleke kwenye maktaba ya mkoa au idara ya muziki ya chuo kikuu, mahali ambapo mtafiti wa kesho ataweza kuisikiliza.